"Mjomba, hii inafunza nini?": mikusanyiko ya hadithi fupi ya kusoma bila kutafuta funzo

Mpwa wangu yuko kidato cha tatu, likizo ya Agosti alikuja kukaa kwangu wiki mbili, akaniambia mjomba nipe kitabu cha kutisha lakini hadithi ziwe fupi manake riwaya zinamchosha. Nikampa Night Shift ya Stephen King, ile kopi yangu ya inama, niliyoiokota Nairobi kwa wale wanaotandika vitabu chini kwenye magunia, mia mbili tu na jalada limeshikiliwa na selotepu. Asubuhi yake chai bado iko mezani akatokea na kitabu mkononi, kidole kimezuia ukurasa. Nikadhani ataniambia hakulala. Akaniuliza, "Mjomba, sasa hii inafunza nini?"

Alikuwa amesoma ile ya mashine ya dobi. Kuna kiwanda cha kufua nguo, kuna mashine kubwa ya kupiga pasi mashuka, imeingiwa na pepo, inavuta wafanyakazi inawakunja vilevile inavyokunja mashuka. Mtoto wa miaka kumi na sita amesoma hiyo usiku, peke yake, na anachotafuta ni funzo.

Sikumlaumu, manake mie pia ndivyo nlivyolelewa. Sisi wa Kenya hadithi fupi tunakutana nayo kama kitabu cha mtihani. Rika langu lilipata Damu Nyeusi na Hadithi Nyingine, ile waliyoihariri Ken Walibora na Said Ahmed Mohamed mwaka 2007, waliotufuata wakapata Tumbo Lisiloshiba, na hawa wadogo sasa wanahangaika na Mapambazuko ya Machweo. Vitabu vizuri vyote, sina ugomvi navyo hata kidogo. Ugomvi wangu ni ile namna tulivyosomeshwa, hadithi inafika darasani ishachinjwa, ishachunwa, nyama ishagawanywa mafungu, maudhui huku, wahusika kule, jazanda pale, weka dondoo hili katika muktadha wake, alama nne. Mwalimu wetu, Mungu amlinde na jina lake simtajii mtu, alikuwa anaandika maudhui ubaoni kabla hatujafungua kitabu. Sasa kwenye Damu Nyeusi mna hadithi inaitwa Gilasi ya Mwisho Makaburini. Hebu isome tena hiyo anwani polepole. Watu wanakunywa usiku, baa imepakana na makaburi. Sisi daftarini tukaandika: athari za ulevi.

Athari za ulevi!

Au chukua hiyo Tumbo Lisiloshiba yenyewe, hadithi ya Said Ahmed Mohamed. Mtaa wa mabanda, Madongoporomoka, kuna kimkahawa cha Mzee Mago, siku moja linaingia jitu la mtu, limeshuka kwenye gari, linaagiza chakula. Linakula. Linaagiza tena. Linakula chote kilichopikwa siku hiyo, watu wamesimama wanatazama, halishibi, na linapoondoka linasema kesho litarudi na waliandalie zaidi. Muulize mwanafunzi yeyote aliyefanya mtihani miaka ile jitu hilo ni nani, atakwambia bila kupepesa: ni unyakuzi wa ardhi. Sawa, na mie najua ni unyakuzi wa ardhi. Lakini kabla halijawa unyakuzi wa ardhi lilikuwa jitu, limekaa kwenye kiti, mafuta yanachuruzika mkononi, na mwenye mkahawa anahesabu sahani, na ule woga wa kuhesabu sahani ndio hadithi. Ukiuruka ukaenda moja kwa moja kwenye jibu umesoma makala ya gazeti.

Kwa hivo nikimpa mtu mkusanyiko wa hadithi fupi, iwe za kutisha, iwe sayansi fiksheni, iwe hizi za maisha ya kawaida, nachagua kwa kipimo kimoja tu, nacho ni je, hadithi inaniacha niondoke na kitu ambacho siwezi kukiandika ubaoni? Ikiweza kuandikwa ubaoni yote ikaisha, mie sina haja nayo, na hii si kwa sababu nachukia mafunzo. Hadithi fupi ina kurasa kumi, kumi na tano, haina nafasi ya kubeba hotuba, riwaya inaweza, riwaya ni lori. Hadithi fupi ni bodaboda, ukiipakia kabati inaanguka.

Na wala si mambo ya kizungu haya. Bibi yangu alikuwa akimaliza hadithi anasema, ikiwa njema ni yetu sote, ikiwa mbaya ni yangu mwenyewe niliyeisema, halafu anazima taa. Basi. Hakusema "tumejifunza kwamba". Mmisionari mmoja, Edward Steere, alikusanya ngano Zanzibar akazichapa 1870, Kiswahili upande mmoja Kiingereza upande wa pili, kitabu chake kinaitwa Swahili Tales na mle mna mojawapo ya hadithi za kutisha kabisa nilizowahi kusoma kwa lugha yoyote, ya Sultani Majnuni na paka wake. Paka anakula kuku. Watu wanaenda kushtaki, sultani anasema paka ni wangu na kuku ni wangu. Paka anakula ndama. Paka ni wangu na ndama ni wangu. Anapanda hivo hivo, mbuzi, punda, mpaka anaanza watu, na sultani jibu lake halibadiliki, mpaka siku anapoua watoto wa sultani mwenyewe, hapo ndipo mzee anatanabahi kwamba huyu si paka tena, huyu ni nunda, mla watu. Halafu kijana mdogo aliyebaki anatoka kwenda kumwinda, kila anachoua anamkokotea mamake akiimba kwamba ndiye, na mama anamjibu kwa wimbo, mwanangu huyu siye. Mara ya kwanza, mara ya pili, mara ya tatu, siye. Mie mtu mzima na ndevu zangu hilo "siye" linanisimamisha nywele mpaka leo. Ukiweka nunda na jitu la Mzee Mago pamoja unaona ni ukoo mmoja, huyu wa sasa amepata gari tu.

Basi mtu aliyekulia na nunda ndiye hasa anayefaa kumsoma Shirley Jackson. The Lottery ilitoka kwenye jarida la The New Yorker tarehe 26 Juni 1948, kijiji kidogo Marekani, watu kama mia tatu, asubuhi nzuri ya jua, wanakusanyika uwanjani kupiga kura kwa vikaratasi kutoka kwenye kisanduku cheusi kikuukuu, watoto wanaokota mawe wanayarundika. Sitasema zaidi. Kiangazi kile Jackson alipokea barua zaidi ya mia tatu, na kwa hesabu yake mwenyewe kumi na tatu tu ndizo zilizomsema vizuri, na nyingi ya hizo zilitoka kwa marafiki zake. Wengine walimtukana, wengine walichanganyikiwa, na walioniacha mdomo wazi ni wale walioandika kuuliza hizo kura zinapigwa mji gani na kama mtu anaweza kwenda kutazama. Unaona basi, hata wao walitaka kuelezwa inafunza nini. Afrika Kusini waliipiga marufuku, na inasemekana mwandishi alijivunia sana, kwamba hao angalau wameielewa. Mkusanyiko ulitoka 1949, na ushauri wangu usianze na The Lottery ambayo iko mwisho, anza na ile ya bibi harusi anayemsubiri bwana harusi asubuhi ya arusi, kahawa ishachemka, nguo kabadilisha mara mbili, na bwana haji. Hakuna jini wala damu, ni mwanamke tu anatembea mtaa hadi mtaa akiuliza umemwona mwanamume mrefu wa suti ya buluu, watu wakimcheka kichinichini. Nlisoma nikafunga mlango wa nje.

King mwenyewe nisimalize maneno, watu wanamjua. Night Shift ni ya 1978, mkusanyiko wake wa kwanza, hadithi nyingi zilitoka kwanza kwenye majarida ya wanaume ya bei rahisi na zinanuka hivo, na thuluthi yake naiona takataka tamu ya kulia njugu. Lakini mna moja inaitwa The Last Rung on the Ladder haina zimwi lolote, kaka na dada wanacheza kwenye ghala la nyasi, ngazi mbovu, hiyo tu, na ndiyo itakayokukaa kooni wiki nzima. Ukimaliza hicho tafuta Skeleton Crew ya 1985 usome The Jaunt, ambayo nusu ni sayansi nusu ni kutisha, watu wamevumbua namna ya kusafiri toka dunia mpaka Mars papo hapo lakini lazima ulazwe usingizi wa dawa kabla ya kupita, na baba anawaeleza wanawe kwa nini, ili wasiogope. Mwisho wake nilimsimulia fundi wangu wa stima tukiwa juu ya paa, akaniambia nyamaza kwanza nimalize waya.

Sasa sayansi fiksheni. Hapa ndipo wengi wanakimbia, utasikia ah hiyo ni mambo ya roketi na wazungu. Kuna sababu ya kukimbia, nawaelewa, Ray Bradbury kwenye The Illustrated Man ya 1951 ana hadithi mashuhuri ya chumba cha watoto ambacho kuta zake ni skrini, na watoto wanachoangalia kutwa ni mbuga ya Afrika, jua kali, tai, simba wanakula kitu huko mbali. Hadithi kali sana, na imetabiri skrini zetu hizi kabla hazijazaliwa, lakini mtu wa Voi ukiisoma unajikuta unacheka mahali pasipochekesha, manake sisi Afrika si ukuta wa mtu, simba wa Tsavo wa 1898 walikula wajenzi wa reli kweli kweli na hawakuzimwa kwa swichi. Isome hiyo na ile ya nyumba inayoendelea kupika staftahi wakati wenyewe hawapo tena, ambayo iko kwenye The Martian Chronicles. Zile nyingine za Bradbury nyingi zimezeeka, mie nazipitia kama mtu anayepekua picha za arusi ya watu.

Mtu wa kuanza naye ni Ted Chiang. Huyu bwana anaandika kidogo mpaka inaudhi, hadithi nane kwenye Stories of Your Life and Others ya 2002, tisa kwenye Exhalation ya 2019, na katikati hapo miaka kumi na saba. Wengi wanamjua bila kujua, ile filamu ya Arrival ya 2016 imetoka kwenye hadithi yake. Lakini mie msomaji wa Kiswahili, hasa wa pwani, nampeleka moja kwa moja kwenye hadithi ya kwanza ya Exhalation, The Merchant and the Alchemist's Gate. Mfanyabiashara wa Baghdad anasimama mbele ya khalifa anasimulia kisa chake, ndani ya kisa kuna mwalikemia mwenye lango, ukipita upande huu unatokea miaka ishirini mbele, ukipita upande ule unarudi nyuma, na ndani ya hicho kisa mna visa vingine vya mfuma kamba na mfumaji nguo na mke. Yaani ni Alfu Lela Ulela kavu! Sisi tuliosoma Alfu Lela Ulela utotoni hatuhitaji kufunzwa namna ya kuingia humo, tunavua viatu tunakaa.

Na kuna jambo jingine nadhani sisi tunalishika haraka kuliko yule msomaji wa New York. Hadithi nyingi za kusafiri kwenye wakati zimejengwa juu ya hofu moja, ukirudi nyuma utaharibu, utamuua babu yako ukose kuzaliwa, mambo kama hayo. Chiang anasema hapana, yaliyopita hayabadiliki na yajayo hayabadiliki, ukirudi nyuma utakuta ulishawahi kuwa pale. Mzungu anaiona hiyo ni fizikia ya ajabu. Mamangu nilipomsimulia akiwa anachambua mchele alisema tu, "Si ndiyo qadari hiyo, kwani wewe ulidhani nini?" akaendelea na mchele wake. Sasa ukisoma mpaka mwisho unaona kwa nini mtu angepita lango hilo hata akijua hawezi kubadilisha kitu, na hilo sitalisema, na hata nikitaka kulisema siwezi, nimeshajaribu kwa watu watatu nikabaki napunga mikono.

Chiang ana tabia ya kuweka maelezo mafupi nyuma ya kitabu, kila hadithi wazo lake lilitoka wapi. Usiyasome kwanza, tafadhali.

Octavia Butler naye anafanya hivo hivo, kwenye Bloodchild and Other Stories ya 1995 kila hadithi ina neno la mwandishi mwishoni, na hili la hadithi ya kwanza ningependa walimu wote wa fasihi walibandike ofisini. Bloodchild ni hivi, binadamu wamekimbia dunia yao, wanaishi kwenye sayari ya viumbe fulani wakubwa wenye miguu mingi kama tandu, wanalindwa, wanalishwa, wanapendwa hata, na malipo yake ni kwamba kila familia itoe mtu, kawaida mwanamume, wa kubebea mayai ya viumbe hao mwilini mpaka yaanguliwe. Gan ni kijana, usiku wa leo ni zamu yake, na jioni hiyohiyo anashuhudia mtu mwingine anapasuliwa. Basi ilipotoka mwaka 1984 ikazoa Hugo na Nebula, zile tuzo kubwa za sayansi fiksheni, na wasomi wakapiga meza wakasema hii ni hadithi ya utumwa, mwandishi mwanamke mweusi wa Marekani, itakuwa nini kingine? Na Butler kwenye lile neno lake anasema anashangaa, si ya utumwa, ni hadithi ya mapenzi, ni ya kijana anayekua, ni ya mwanamume mwenye mimba. Na ilianzaje? Alikuwa anajiandaa kwenda Peru, kwenye misitu ya Amazon, akasoma kuhusu inzi wa kule anayetia mayai kwenye vidonda vya mtu, funza anakua chini ya ngozi, na ushauri wa wataalamu ni umwache akue mpaka atoke mwenyewe. Akashikwa na hofu hiyo asiweze kuiondoa, akaiandikia hadithi.

Yaani hadithi ilianza na funza, si na kufunza. Lugha yetu imeshatania hapo kabla yangu, mie nimeokota tu.

Kitabu hichohicho kina Speech Sounds, ugonjwa umepita ukaacha watu hawawezi kusema, au hawawezi kusoma, kila mtu amepoteza kimoja au vyote, na hadithi inaanza ndani ya basi Los Angeles, vijana wawili wanaanza kugombana kwa ishara. Anaeleza mwenyewe kwamba wazo alilipata kwenye basi baada ya kuona watu wakipigana kweli, akiwa njiani kwenda kumtazama rafiki yake aliyekuwa akifa. Mtu yeyote aliyewahi kuwa kwenye matatu makanga na abiria wameshikana mashati anaijua ile sekunde ambayo maneno yameisha na mkono bado haujaruka. Butler ameikalia hiyo sekunde kurasa nzima.

Najua kuna atakayeniuliza, sasa wewe unataka hadithi zisizo na maana? La. Mfano mzuri wa kunijibia ni Mariana Enriquez wa Buenos Aires. Things We Lost in the Fire ilitoka kwa Kihispania 2016, Kiingereza mwaka uliofuata kwa mkono wa Megan McDowell, na mle siasa imejaa tele, udikteta wa Argentina wa 1976 mpaka 1983 uko chini ya kila sakafu, umaskini, polisi, watoto wa mtaani. Kuna hadithi ya mwendesha mashtaka mwanamke anayefuatilia polisi waliowatupa vijana wa mtaa wa mabanda mtoni, mto mweusi mchafu wa kemikali za viwanda, kisha anaambiwa mmoja wao ametoka majini amerudi. Nikaisoma hiyo mwaka uleule, Januari 2022, ambao magazeti yetu yalijaa habari za miili iliyokuwa ikiopolewa mto Yala. Niamini, hakuna mwalimu aliyehitajika kuniambia maudhui. Tofauti ya Enriquez na hadithi ya ubaoni ni kwamba anakuogopesha kwanza kama mtoto, harufu ya yale maji inakuingia puani, na maana inakufuata nyumbani yenyewe kama paka, hujui ilipita mlango gani. Kitabu chake kingine, The Dangers of Smoking in Bed, aliandika kabla ya hicho ingawa Kiingereza kilichelewa mpaka 2021. Nakipenda kidogo chini, lakini ile ya mzimu wa mtoto mchanga unaomfuata mwanamke kila anakokwenda haina mfano.

Ken Liu nimsemeje. The Paper Menagerie and Other Stories, 2016. Hadithi inayobeba jina la kitabu ilikuwa ya kwanza kushinda tuzo za Hugo, Nebula na World Fantasy zote tatu, na ni hadithi fupi hata nusu saa haikumalizi. Mama Mchina ameolewa Marekani, Kiingereza chake kibovu, anamkunjia mwanawe wanyama wa karatasi za kufungia zawadi, anawapulizia pumzi wanatembea, chui milia wa karatasi anarukaruka. Mtoto anakua, anaona haya, anakataa kumjibu mamake kwa Kichina. Nina binamu zangu Toronto, mama yao anaongea nao Kiswahili kutwa na wao wanamjibu Kiingereza kutwa, siku hizi ameanza kunyamaza. Nlikuwa kwenye feri ya Likoni nasoma hii kwenye simu na mama mmoja wa ndizi akaniuliza mwanangu umefiwa? Nikasema ni jua. Wenye moyo mgumu wabaki mpaka hadithi ya mwisho ya kitabu, The Man Who Ended History, ya Kikosi 731, wale wanajeshi wa Kijapani waliofanyia watu majaribio kule Harbin, China, ambayo ni sayansi na historia na mahakama kwa pamoja, na imeandikwa kama filamu ya habari. Nzito. Usiisome ukiwa na njaa.

Wa kwetu Afrika, wa haraka haraka manake makala inakuwa ndefu. Lesley Nneka Arimah wa Nigeria, What It Means When a Man Falls from the Sky, 2017, mna moja ya ulimwengu ambao wanawake wanajitengenezea watoto kwa vitu, udongo, nyuzi, makuti, na anayefanya kazi saluni anaamua kumtengeneza wa nywele. Dada zangu wasusi, msomeni huyu mkiwa wengi. Dilman Dila wa Uganda ana A Killing in the Sun ya 2014, uchawi na teknolojia vinalala kitanda kimoja, si kila hadithi imeiva lakini anacheza kwenye uwanja wetu. Mwingine wa Uganda Doreen Baingana, Tropical Fish, dada watatu wa Entebbe, hakuna roketi hakuna zimwi, ni kukua tu. Na M. G. Vassanji, mzaliwa wa Nairobi aliyelelewa Dar, alisomea fizikia ya nyuklia akaishia kuandika Uhuru Street, 1991, Wahindi wa Kariakoo na maduka yao na watumishi wao. Huyo namweka hapa kwa makusudi, manake ukitoka kwa Enriquez ukaingia Uhuru Street unaanza kuogopa milango ya maduka bila sababu, na hiyo ndiyo raha ya kuchanganya makabati.

Kwa Kiswahili chenyewe hali ni ya kusikitisha kidogo. Roketi tunayo, Katama Mkangi alimpakia mtu chombo akampeleka sayari ya Walenisi mwaka 1995, lakini hiyo ni riwaya, na rafuni kwenye maduka ninayoingia mie naona vitabu vya mtihani vimepangwa kama matofali. Cha kuchekesha ni kwamba kipande cha Walenisi saa hizi kipo kwa Kiingereza kwenye mkusanyiko unaoitwa No Edges, 2023, hadithi za Kiswahili zilizotafsiriwa kwa Wamarekani, pamoja na Kezilahabi na wengine. Wao wanasoma vyetu vya ajabu kwa raha zao na sisi tunavisoma kwa alama ishirini.

Kusoma kwenyewe, moja kwa usiku. Hizi si njugu, bwana. Ukila tano mfululizo zinaanza kufanana ladha na utasema mwandishi anajirudia.

Mpwa wangu alirudi kwao na Night Shift yangu ndani ya begi bila kuniaga kuhusu hicho kitabu. Juzi usiku, saa tano, simu ikalia, ujumbe wake. Nyumbani kwao amekuta Tumbo Lisiloshiba ya dadake mkubwa, kurasa zimepigwa mistari ya kalamu nyekundu na pembeni kumeandikwa ufisadi, ufisadi, tamaa. Anauliza, "Mjomba, yule jitu kesho yake alirudi kula ama?" Nimemwambia asome tena mwisho taratibu, aruke yale ya kalamu nyekundu, na kitabu changu akirudishe kabla ya Ijumaa manake yule fundi wa stima amekiulizia.